Haki ya Warithi Kusikilizwa Katika Shauri la Kutolewa Dukani

(Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Dodoma)



Tumetakiwa kusema juu ya duka la kupanga ambalo mpangaji wake amekufa, na mwenye nyumba ataka kulitwaa. Swali letu ni moja: katika shauri la namna hiyo, nani ana haki ya kusimama mbele ya hakimu na kusema neno kwa ajili ya marehemu na jamaa aliowaacha? Wengi hujibu upesi kwamba ni mtoto wa kiume aliye mkubwa, au yule aliyekuwa akishika ufunguo. Jibu hilo si jibu la sheria, na mtu akilitegemea aweza kuwapotezea mjane na watoto wadogo riziki yao bila ya kukusudia ubaya wo wote.

Huenda mtu akauliza, mambo ya maduka yawahusu nini makarani na watumishi wa Serikali? Twajibu kwamba yatuhusu kwa njia mbili. Kwanza, wengi wetu tu watoto wa wafanya biashara wadogo wa Kondoa, Mpwapwa, Kongwa, Manyoni na Singida. Baba alipanga chumba cha mbele karibu na stesheni au soko, akauza chumvi, sukari na vitambaa, na kwa faida hiyo tukasomeshwa. Kisha sisi twahamishwa: mwaka huu Songea, mwaka ujao Bukoba, nyumbani amebaki ndugu mmoja dukani. Baba akifa twaja kuzika, likizo yaisha, twarudi kazini, na duka twaliacha hivyo hivyo bila ya karatasi. Pili, jirani apatapo hati ya wito humpelekea karani amweleze maana yake, hata kama yeye mwenyewe ajua kusoma; maana kusoma maneno ya baraza ni jambo moja, na kuyafahamu ni jambo jingine. Basi yafaa tulijue jambo hili sawasawa kabla hatujaulizwa.

Tena jambo hili limekuwa zito zaidi katika mji wetu wa Dodoma kuliko lilivyokuwa zamani. Reli ya kati ilipofika hapa mwaka 1910, maduka yalikuwa machache nayo yalifuata stesheni. Mwaka 1973 iliamuliwa kwamba makao makuu ya Serikali yahamie Dodoma. Mwaka 2016 Serikali ilitangaza kwamba sasa yahamia kweli. Na mwaka 2018 mji ukawa jiji. Watu wameongezeka, na uwanja uliokuwa na chumba kimoja cha matofali mabichi watamaniwa kwa kujenga ghorofa. Hatumlaumu mwenye nyumba kwa kutaka faida ya mali yake. Lakini mpangaji wa zamani akifa, huo ndio wakati ambao mwenye nyumba huona njia imefunguka. Na jamaa waliofiwa huwa katika majonzi, hawajui la kushika wala la kuacha.

Tuanze na msingi. Je, upangaji wa duka warithiwa? Wako wasemao kwamba mkataba ulikuwa baina ya watu wawili, na mmoja akifa mkataba nao umekufa. Maneno hayo si kweli. Sheria yetu ya Mikataba yasema kwamba ahadi za mtu huwafunga wawakilishi wake akifa kabla ya kuzitimiza, isipokuwa mkataba wenyewe waonyesha nia nyingine. Kanuni hiyo ilitoka katika Sheria ya Mikataba ya India, iliyotumika katika nchi hii mpaka mwaka 1961 tulipopata yetu. Iko mikataba inayokufa pamoja na mtu kwa kuwa yategemea ustadi wake mwenyewe. Fundi aliyeahidi kuchora picha akifa, mwanawe hawezi kulazimishwa kuichora. Lakini kulipa kodi ya chumba na kukaa ndani yake si kazi ya ustadi wa mtu mmoja. Ye yote aweza kulipa, na fedha ni ile ile. Kwa hiyo mkataba wa miaka mitano, mpangaji akifa katika mwaka wa pili, miaka mitatu iliyobaki ni mali ya mirathi yake, kama zilivyo mali nyingine.

Hapa Dodoma jambo hili lisingepasa kuwa geni. Kwa miaka mingi ardhi ya mji wetu ilikuwa chini ya Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, iliyoundwa mwaka 1973 na kuvunjwa mwaka 2017. Mwenye nyumba wa Dodoma wakati huo alikuwa naye mpangaji wa ardhi kwa hati ya miaka 33 kutoka kwa Mamlaka. Alipokufa, hakuna aliyesema kwamba hati yake imekufa naye. Warithi wake waliipokea. Basi kama upangaji wa mwenye nyumba ulirithiwa, kwa nini upangaji wa mwenye duka usirithiwe? Kanuni ni moja, ijapokuwa kimoja ni kikubwa na kingine ni kidogo.

Lakini yapasa tupambanue aina tatu za upangaji, maana haki ya mrithi haizidi haki aliyokuwa nayo marehemu. Aina ya kwanza ni mkataba wa muda maalumu, kama tulivyokwisha sema. Aina ya pili ni upangaji usio na muda uliotajwa, ambao kodi hulipwa kila mwezi au kila miezi mitatu. Huo nao haumaliziki kwa kifo. Lakini kwa Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 waweza kumalizwa kwa notisi isiyopungua kipindi kile cha kulipia kodi. Aina ya tatu ni kibali tu cha kutumia mahali, kama meza au kizimba cha soko. Kibali aghalabu hutolewa kwa mtu kwa jina lake, na maneno ya kibali chenyewe ndiyo yatakayosema kama kinapita kwa warithi au hakipiti. Kadhalika leseni ya biashara si chumba. Mtu aweza kurithi upangaji naye bado yampasa kutafuta leseni yake mwenyewe.

Zamani mpangaji alikuwa na ngao nyingine. Sheria ya Kuzuia Kodi za Nyumba ya mwaka 1962, na ile ya mwaka 1984 iliyofuata, zilizuia mwenye nyumba asimtoe mpangaji ila kwa amri ya baraza na kwa sababu zilizotajwa ndani ya sheria. Ngao hiyo iliondolewa mwaka 2005. Wazee wengi hawajapata habari hiyo, nao huwashauri vijana kwa sheria iliyokwisha futwa. Tangu hapo mkataba wenyewe na Sheria ya Ardhi ndivyo vya kutegemea. Na kwa sababu hiyo karatasi ya mkataba, ambayo zamani ilitupwa sandukuni, sasa ina thamani kubwa.

Sasa twafika katika kiini cha maneno yetu. Tuseme mtu mmoja alipanga duka katika mtaa wa Majengo kwa mkataba wa miaka kumi. Amekufa mwaka wa nne. Ameacha wake wawili na watoto saba; mmoja ni karani Mwanza, mmoja ni mwalimu Iringa, wawili wangali shule, na mtoto mkubwa ndiye aliyekuwa dukani pamoja na baba. Mtoto huyu ameendelea kuuza na kulipa kodi. Baada ya mwaka mmoja mwenye nyumba anafungua shauri la kumtoa mbele ya Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Je, mjane na wale watoto wengine wana haki gani?

Neno la kwanza la kulijua ni hili: mbele ya sheria, mali ya marehemu haina midomo saba, ina mdomo mmoja, nao ni msimamizi wa mirathi. Sheria ya Mirathi na Usimamizi wa Mali za Marehemu yasema wazi kwamba msimamizi akiisha kuteuliwa, hapana mtu mwingine awezaye kudai au kuendesha shauri kwa niaba ya marehemu mpaka uteuzi huo utenguliwe. Basi mrithi ajaye barazani akisema, “Mimi ni mwana wa marehemu,” na kuonyesha cheti cha kuzaliwa, amesema kweli, lakini bado hajaonyesha idhini ya kuisemea mirathi. Ataulizwa: barua ya usimamizi i wapi?

Wengine huona kanuni hii kuwa ni ukali. Lakini tuitazame kwa upande wa pili. Kama mwenye nyumba angelazimishwa kumtafuta kila mrithi, mmoja Mwanza, mwingine Iringa, wa tatu hajulikani aliko, shauri lisingekwisha milele. Mtu mmoja kusema kwa niaba ya wote ni nafuu kwa pande zote mbili, maadamu mtu huyo amechaguliwa na wenyewe na anaangaliwa na mahakama.

Neno la pili ni hatari ya ufunguo. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966 yaeleza kwamba mwakilishi wa marehemu ni yule aliye naye kisheria, na pia ye yote anayejiingiza katika mali ya marehemu. Kwa hiyo mtoto mkubwa aliyeshika duka bila ya kuteuliwa aweza kuhesabiwa kuwa mwakilishi, na hukumu itakayotolewa juu yake ikaigusa mali ya wote. Tena kuna hatari iliyo kubwa zaidi. Akianza kulipa kodi na kupewa stakabadhi kwa jina lake mwenyewe, na mwenye nyumba akazipokea fedha hizo kwa jina hilo, baadaye itasemwa kwamba upangaji wa baba umekwisha na mpya umeanza, nao ni wa mtoto peke yake. Hapo mjane aliyekuwa na fungu lake, nalo kwa sheria ya Kiislamu ni thumuni moja ikiwa marehemu ameacha watoto, thumuni ambayo wake wawili hugawana, ataambiwa kwamba hapana cha kugawanywa. Haya yote hutokea kwa jina lililoandikwa juu ya karatasi ya stakabadhi! Kwa hiyo twasisitiza: stakabadhi ya kodi baada ya kifo iandikwe “kwa mirathi ya marehemu fulani.”

Neno la tatu ni wakati. Hapa tugawe mambo katika nyakati tatu.

Wakati wa kwanza ni pale mpangaji alipokufa kabla shauri halijafunguliwa. Mwenye nyumba hawezi kumdai mtu aliyekwisha kufa. Shauri lililofunguliwa juu ya maiti ni batili tangu mwanzo, na haliponywi kwa kubadili jina baadaye. Yampasa amdai msimamizi. Ikiwa amemdai mtoto mkubwa peke yake kama kwamba duka ni lake, hapo ndipo msimamizi apaswapo kuingia upesi. Mlango wake ni Amri ya Kwanza, kanuni ya 10, ya ile Sheria ya Mwenendo wa Mashauri. Kanuni hiyo yampa hakimu uwezo, wakati wo wote wa shauri, kwa kuombwa au kwa hiari yake mwenyewe, kumwingiza mtu aliyepasa kuwamo tangu awali, au mtu ambaye bila yeye shauri haliwezi kuamuliwa kikamilifu. Mabaraza ya Ardhi na Nyumba nayo huifuata sheria hiyo pale ambapo kanuni zao wenyewe zimenyamaza. Ombi huandikwa, huambatanishwa na hati ya kiapo, barua ya usimamizi na nakala ya mkataba. Nalo lieleze kwa maneno machache kwa nini shauri haliwezi kukatwa kwa haki bila ya mirathi kusikilizwa. Tangu mwaka 1983, na mara nyingi baadaye, mahakama zetu zimeonyesha kwamba mtu wa lazima akiachwa nje ya shauri la ardhi, hukumu yenyewe yaweza kufutwa.

Wakati wa pili ni pale mpangaji alipokufa shauri likiendelea. Shauri halifi kwa sababu mtu amekufa, ikiwa haki inayogombewa ingalipo. Amri ya 22 yaeleza namna ya kumwingiza mwakilishi mahali pake. Lakini Sheria ya Ukomo wa Muda yatoa siku 90 tu za kuomba. Ikiwa marehemu alikuwa mdaiwa, mzigo wa kuomba ni wa mwenye nyumba, na asipoomba katika siku hizo shauri lake juu ya marehemu litakoma. Ikiwa marehemu alikuwa mdai, yaani yeye ndiye aliyekwenda barazani kuzuia asitolewe, basi mzigo ni wa jamaa zake, na wakikaa kimya shauri lao ndilo litakalokoma. Aliyechelewa aweza kuomba kusamehewa, lakini yampasa kuonyesha sababu ya kutosha, na kutojua sheria si sababu.

Tulihesabu siku hizo pamoja. Desturi ya watu wetu wengi ni kutosema habari za mali mpaka arobaini ipite. Ni desturi ya heshima na hatuitukani. Lakini siku 90 ukitoa 40 zabaki 50. Na katika siku hizo 50 yapasa jamaa wakutane, wapatane juu ya mtu, cheti cha kifo kipatikane, ombi la usimamizi lipelekwe mahakamani, litangazwe, lisikilizwe, na barua itolewe, ndipo ombi la kuingia katika shauri liandikwe. Siku hizo ni chache mno. Kwa hiyo, kama shauri lilikuwa limekwisha funguliwa, mtu mmoja wa jamaa aende barazani mapema kutoa habari ya kifo, hata kabla ya arobaini. Kutoa habari si kugawa mali, wala si kuvunja matanga.

Wakati wa tatu ni pale hukumu imekwisha tolewa, na dalali wa mahakama yuko mlangoni. Hapa watu wengi ndipo hukumbuka haki zao. Milango haikufungwa yote, lakini imekuwa myembamba. Mtu ambaye hakuwamo katika shauri hawezi kukata rufani. Aweza kuipinga amri ya kutolewa mbele ya baraza lile lile linaloikaza hukumu, akionyesha kwamba alikuwa akikaa kwa haki yake mwenyewe wala si kwa haki ya yule aliyeshindwa. Ikiwa hukumu ni ya Mahakama Kuu, aweza kuiomba Mahakama ya Rufani iyapitie mashauri hayo, na muda wa ombi hilo ni siku 60. Kazi ya namna hii yataka wakili na fedha, nayo ni kama kuzima moto paa likiwa limekwisha shika.

Katika mambo haya yafaa tutazame pia nchi tuliyoazima kwao sheria zetu nyingi. Huko India, mwaka 1985, Mahakama ya Juu, majaji watano wakikaa pamoja, iliamua shauri la Delhi kwamba upangaji wa mahali pa biashara hurithiwa kama unavyorithiwa wa nyumba ya kulala, maana biashara ya baba ndiyo inayowalisha wale waliobaki, na kuwatoa kwa sababu ya kifo ni kuwaangamiza. Warithi wengi wa maduka waliifurahia hukumu hiyo. Lakini mwaka 2018 mahakama ile ile, katika shauri jingine la duka la Delhi, ilisema kwamba warithi hao hupokea upangaji kwa umoja, si kila mtu kipande chake. Kwa hiyo mwenye nyumba akimdai mmoja wao, huyo aliwakilisha wote, na ndugu aliyeachwa nje hawezi kusimama mwishoni kuizuia hukumu. Hukumu hizi mbili hazitufungi sisi, lakini zatufundisha. Mahakama iliyosema upangaji warithiwa ndiyo iliyosema kwamba mrithi asingoje. Majirani zetu wa Kenya nao walitunga mwaka 1965 sheria ya maduka, hoteli na mahali pa kuuza chakula, iliyomlazimu mwenye nyumba kutoa notisi isiyopungua miezi miwili yenye sababu zilizotajwa, na ikaunda baraza maalumu la mashauri hayo. Sisi hatuna sheria ya namna hiyo kwa maduka, na hiyo ni sababu nyingine ya kuwa waangalifu katika kuandika mikataba yetu.

Lakini mtaniuliza, na ikiwa msimamizi mwenyewe ndiye mbaya? Ikiwa amepewa kilemba na mwenye nyumba, akakubali barazani kwamba duka litolewe, na fedha akazitia mfukoni? Swali ni la haki. Mrithi ana njia mbili. Aweza kuiomba mahakama iliyomteua itengue uteuzi wake. Mahakama ya mwanzo na mahakama za juu zote zina uwezo huo pale usimamizi unapoendeshwa kwa udanganyifu au kwa kutotimiza wajibu. Na aweza kuliomba baraza lenye shauri limwingize yeye mwenyewe kwa ile kanuni ya 10, akieleza kwamba aliyepaswa kumsemea amekataa kumsemea. Hakimu halazimiki kukubali. Lakini mrithi aliyekuja mapema, na kiapo chake kikiwa na mambo ya hakika wala si masengenyo, ana njia ya kusikilizwa. Tukumbuke pia kwamba msimamizi aliyeteuliwa na mahakama ya mwanzo hupaswa kuleta orodha ya mali na hesabu katika miezi minne. Warithi waulize: je, upangaji wa duka umeandikwa katika orodha ile? Watu huandika baiskeli, ng'ombe na cherehani, na duka ambalo ndilo lililovinunua vyote huachwa, kwa kuwa “si letu, tumepanga tu.”

Neno jingine lawahusu waliopanga vyumba vya halmashauri au vya mashirika ya umma. Mtu akitaka kuidai halmashauri au shirika la umma, tangu mageuzi ya mwaka 2020 yampasa kutoa kwanza notisi ya siku 90, kumwunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na kufungua shauri lake Mahakama Kuu. Asipomwunganisha, shauri huharibika. Sisi tulio watumishi wa Serikali twapaswa kuwaambia watu ukweli huu, hata kama ni Serikali yetu itakayodaiwa.

Tusiwadanganye watu pia kwa matumaini makubwa kupita kiasi. Kuingizwa katika shauri si kushinda shauri. Kama muda wa mkataba umekwisha, au kodi ya miezi mingi haikulipwa, au notisi ya haki ilitolewa, msimamizi aweza kusikilizwa vizuri na duka likaondoka vile vile. Hata hivyo kusikilizwa kuna faida yake. Jamaa waliosikilizwa waweza kuomba muda wa kuuza bidhaa, waweza kudai kodi iliyolipwa mbele irudishwe, waweza kudai gharama ya kazi ambayo marehemu aliifanya katika jengo kwa idhini ya mwenye nyumba, na waweza kupatana naye kwa mkataba mpya. Mjane akikuta vitu vyake vimewekwa barabarani asubuhi, hana hata moja la kudai siku ile ila kulia.

Basi twawaombeni mambo haya. Kila mwanachama ambaye baba au mama yake ana duka la kupanga aombe kuiona karatasi ya mkataba mzazi angali hai, na aitazame kama imesema neno juu ya kifo. Kama haikusema, aombe iandikwe kwamba upangaji utaendelea kwa mirathi yake mpaka muda uishe. Mzazi akifariki, tusirudi kazini kabla jamaa hawajakubaliana ni nani ataomba usimamizi. Na muhtasari wa kikao cha ukoo, ijapokuwa wasaidia, tusiudhanie kuwa ndio usimamizi wenyewe, maana barua ya mahakama ndiyo inayompa mtu nguvu. Mjane naye aweza kuomba na kuteuliwa; hapana sheria isemayo kwamba msimamizi lazima awe mwanamume. Hati ya wito ikija kwa jina la marehemu, isirudishwe kimya wala isifichwe chini ya mto: ipelekwe barazani pamoja na cheti cha kifo.

Na kwa wale wetu wanaokaa masjala na katika ofisi za mabaraza, twasema neno la mwisho. Mwanamke ajapo dirishani na karatasi ameikunja ndani ya khanga, akauliza kama amechelewa, si kazi yetu kumwamulia shauri lake wala kumpa mashauri ya wakili. Lakini kumwambia tarehe ya kusikilizwa, kumwonyesha mahali pa kupeleka ombi la usimamizi, na kumweleza kwamba siku zinahesabiwa, hiyo ni kazi yetu, nayo yalipiwa na mshahara. Tangu mwaka 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama zetu, kwa hiyo hatuna tena udhuru wa kusema kwamba maneno ni ya Kiingereza hayafasiriki.

Walio na mikataba ya jamaa zao, na waiache kwa Bwana Katibu leo au mkutano ujao, nasi tutaisoma pamoja nao, karatasi moja baada ya nyingine.